Ndabibi, Siku Mjomba Alipoimba Tena

Nilitoka Nakuru kwa sababu shosho, nyanya yangu, aliniambia anataka kumwona mwanawe akiimba, na si kwenye televisheni.

Mwanawe ndiye Gathogo, mjomba wangu. Matamasha yake matatu yamepigwa filamu, na sisi nyumbani tumezitazama mpaka tunajua ni wapi atapangusa jasho na ni wapi atamcheka mpiga besi. Lakini shosho hakuwahi kuhudhuria hata moja. Leo ng'ombe anazaa, kesho magoti yanauma. Kisha mjomba akapasuliwa koo, akanyamaza mwaka mzima. Aliposema filamu ya nne itapigwa Ndabibi, alikokulia, shosho alitoa koti lake la kanisani siku hiyo hiyo.

Asubuhi tulipita Gilgil kukiwa na ukungu. Tulipofika Naivasha, shosho akaniambia nisimamishe gari sokoni. Alinunua tangawizi na ndimu za kutosha harusi. "Ni za koo," akasema.

Ndabibi tulikuta jukwaa limesimamishwa kwenye shamba lililovunwa mahindi juzi tu, nyaya za kamera zikipita juu ya mabua. Watu walikuwa wamejaa tayari. Mjomba tulimpata nyuma ya jukwaa, ameketi juu ya spika, gita magotini, mikono ikimtetemeka.

"Mama, sidhani nitaweza," akasema. "Sauti inakatika."

"Kwani zile siku zingine hukuwa unaogopa?"

"Kila mara. Hiyo huwa wanaikata kwenye filamu."

Shosho alimtazama kama mtu anayeambiwa leo kuhusu ugonjwa wa zamani wa mtoto wake. Akamfunga kifungo cha shati kilichokuwa wazi.

"Basi usiimbe. Toka tu uwasalimie watu wa kwenu. Ukimaliza, twende nyumbani."

Mjomba akatoka kusalimia. Shamba zima likamwitikia, na wazee wachache wakamwita kwa jina la utotoni. Alisimama kidogo, kisha vidole vikaanza kutafuta nyuzi vyenyewe. Sauti iliyotoka sikuijua. Ilikuwa nzito, yenye mikwaruzo. Alipofika ule ubeti wa juu uliomjengea jina, ikapasuka, akanyamaza. Shosho alinishika mkono hadi pete yake ikaniumiza. Mjomba akacheka kidogo, akaushusha wimbo chini, akaumaliza na sauti aliyobaki nayo.

Baadaye dada aliyesimamia kamera akamjia. "Tunaweza kurudia hiyo moja?"

"Hapana, madam. Hivyo ndivyo nimeimba."

Jioni tulikula kwa binamu wa mjomba, na mjomba akanywa tangawizi kikombe baada ya kikombe huku mama yake akimsimamia.

Kesho yake, tukirudi, tulisimama Kikopey kula nyama. Shosho alitafuna polepole, akitazama barabara. Mimi nilikuwa nikiwaza jinsi nilivyodhani namjua mjomba, na kumbe nilijua tu zile saa alizokuwa mbele ya taa.

"Hiyo filamu mpya," shosho akauliza, "itaonyesha vile alikuwa anatetemeka?"

"Sidhani, shosho."

Akanisogezea kipande chenye mafuta.

"Basi ni vizuri tulienda."