Machozi ya Mukhrij

Juzi, kwenye duka la halwa hapa Ibra, Oman, mzee wa Kijerumani alikuwa akionja halwa huku kafumba macho. Binti mmoja akamnong'oneza mamake, mzaliwa wa Unguja: "Mama, huyu mukhrij mkubwa wa filamu."

Kwa Kiarabu mukhrij ni mwongozaji wa filamu, lakini mama alisikia maana yake ya asili, "mtoaji."

"Anatoa nini, mashetani?"

Binti akamfasiria mgeni. Mzee akashika kifua, akasema kuwa alianza kwa kufagia sinema ya kijijini kwao, na tangu hapo filamu zake zote zimewatoa watu machozi.

"Machozi hata kitunguu hutoa," mama akajibu. "Kicheko je?"

Alipofasiriwa, Mjerumani alicheka mpaka akajifuta macho.

"Haya," mama akasema, akilamba kidole, "nimemtoa vyote viwili, wala kamera sina."