Posa ya Juu ya Ngazi

Walimwita Mpira kwa sababu kazi yake ilikuwa kuanguka. Katika filamu fupi zisizo na sauti, yeye ndiye mchumba mwenye mkosi: anapanda ngazi kumfuata msichana dirishani, msichana anammwagia unga, naye anaporomoka hadi ndani ya pipa la maji. Watu walicheka mbavu zikawauma. Dada yake, akimkanda mgongo jioni, alimwambia, "Kaka, utavunja shingo kwa kufurahisha watu."

Shingo haikumsumbua. Kilichomnyima raha ni yule msichana wa dirishani. Mapenzi ni kikohozi, hayafichiki, lakini Mpira, aliyethubutu kuruka kutoka paani, alikuwa bubu mbele yake. Akikaa anasimama, akisimama anazunguka chumba kama kuku atafutaye pa kutagia.

Siku moja akajiambia: kamera haisikii, midomo ikicheza tu inatosha. Basi alipofika juu ya ngazi akasema ya moyoni. "Leo siigizi. Nataka kuja kwenu kuposa."

Msichana alishtuka, bakuli likamponyoka, Mpira akaenda chini na unga wote.

"Rudieni," bosi wa kamera akafoka. "Uso hauonekani."

Akapanda tena, maji yakimchuruzika. "Umenisikia?"

"Nimesikia," alijibu msichana, akiitabasamia kamera. "Mama husema mwanamume asiyeweza kusimama wima hawezi kusimamisha nyumba." Akamwaga unga.

Mpira alianguka bila kujua amekataliwa au ametaniwa. Kazi ilipokwisha hakubadili hata nguo. Alizunguka ua huku na huko, roho juu juu, mpaka msichana akamletea taulo.

"Hebu tulia."

"Siwezi. Mama yako ameshanikataa."

"Mama alikuwa anamsema baba. Wewe nimeshamtajia zamani. Anauliza mbona huji."

Kesho yake Mpira akamtuma mjomba wake, akamfuata nyuma mpaka kona ya mtaa, akasubiri huku akitafuna kucha. Mvua kubwa ziliposimamisha kazi ya kamera, wakaoana.

Hata hivyo utulivu haukumjia upesi. Kila alfajiri alishtuka na kupapasa upande wa pili wa kitanda. Mkewe, macho bado yamefumbwa, alikuwa akimwambia, "Nipo, mume wangu. Lala."