Mchanga wa Shamba la Baba Mkwe

Mpaka leo sijui kama siku ile nilishinda au nilivuruga kila kitu. Ninachojua ni kwamba pikapu ilitoka.

Ilikuwa enzi za ruksa, kila mwenye akiba kidogo anajaribu biashara. Mimi, mjane mwenye watoto, nilinunua pikapu iliyochoka, nikawa nachukua ndizi Masukulu na kuzishusha Kiwira kwa wanunuzi wa barabarani. Ndiyo iliyotulisha. Bila hiyo ningerudi kubeba mikungu kichwani, na shule ya watoto ingeishia hapo.

Masika yale mto ulifurika, ukamwaga mchanga juu ya shamba la baba mkwe wangu, bondeni Masoko. Akaukusanya lundo, akamwambia mama mkwe aniambie nikauchukue nimalizie nyumba ambayo mwanawe aliiacha bila plasta. Nikamtuma dereva. Alipokuwa anapanda na mzigo, wakaguzi wakamsimamisha: mnachimba mchanga mtoni bila kibali. Gari likapelekwa Tukuyu, likafungiwa uani mwa ofisi yao pamoja na mchanga wake.

Nikaenda. Afisa alikuwa mtu wa kuja, mpole tu, akaniuliza mchanga ni wa nani. Nikasema umetoka shamba la baba mkwe. Anaitwa nani? Nikanyamaza.

Kwetu mwanamke halitamki jina la baba mkwe wake. Hamtazami, hakai naye chumba kimoja, akimwona njiani anaingia migombani mpaka apite. Tunaita ukutila. Miaka yote niliishi uwanja mmoja na yule mzee, na kama ungeniuliza sura yake ningeshindwa kuieleza. Dereva naye, mgeni wa Mbeya, alimjua kwa "mzee" tu. Afisa akanitazama kama mwizi asiyejua hata kudanganya. Nilikasirika, halafu nikaona aibu, halafu sikujua tena nimemkasirikia nani: yeye, mila, au ulimi wangu mwenyewe. Akasema atatuma mtu akalikague shamba, na mwenye shamba aje. Mimi mwenye gari niwepo pia, tusikilizwe pamoja.

Nilimweleza mama mkwe nikitegemea wangetafuta mtu wa kumsemea. Kesho yake nimekaa ofisini, mlango ukafunguka, nikaona miguu. Niliijua, maana ndiyo sehemu yake pekee niliyozoea kuiona. Nikajifunika khanga uso mzima, nikasimama nitoke. Afisa akasema nikitoka hakuna shauri, gari linabaki. Na mlango wenyewe ulikuwa nyuma ya mzee. Sikujua niende wapi. Nikageukia ukuta kama mtoto aliyeadhibiwa shuleni.

Nilimwomba mzee moyoni aondoke, na papo hapo nikamwomba asiondoke, pikapu yangu iko pale nje.

"Mwanangu, kaa," akasema.

Hakuwa amewahi kunisemesha. Nikakaa nikiwa bado nimeutazama ukuta. Kisha nikamsikia, kwa Kiswahili chake cha kujikongoja, akilitaja jina lake lote na la baba yake, na kusema mchanga ni wake, aliuzoa kwa jembe lake. Mkaguzi aliyetumwa bondeni alikuwa amerudi na habari hiyohiyo: lundo liko juu ya matuta ya mahindi, mbali na maji, wala hakuna shimo mtoni. Afisa akasema basi, tungesema mapema. Mzee akatangulia kutoka. Nilisubiri mpaka hatua zake zilipoisha barazani, ndipo nikafunua uso kupokea ufunguo.

Mvua ilikuwa inanyesha. Tulimkuta njiani kuelekea Masoko, amejifunika jani la mgomba. Dereva akapunguza mwendo, akauliza asimame? Nikasema simama. Kabla hajakanyaga breki nikasema usisimame. Nilikuwa nimeambiwa kaa, lakini sikujua kama ni kaa ya ofisini tu au ya siku zote.

Mzee alisikia gari. Akaacha njia, akaingia migombani, akatupa mgongo mpaka tukapita. Miaka yote mimi ndiye niliyempisha, na siku hiyo alinipisha yeye. Nililia mpaka nyumbani, dereva akiniuliza kulikoni.

Mchanga ule tulipigia plasta. Hakuniita tena mwanangu mpaka tulipomzika, na mimi sikuwahi kumwitikia.