Wiki Tatu za Samaki Mgeni

Siku yangu ya kwanza kazini, katika kituo cha kuzalisha samaki nje ya mji wa Kilosa, nilikwenda na viatu vya kisigino. Mkuu wa Kituo alivitazama, akanipa mabuti ya mpira, akanipeleka kwenye chumba kidogo kilichojitenga na mabwawa. Humo mlikuwa na tangi moja la kioo, tupu. Akasema kazi ya bwana samaki huanzia hapo. Maofisa uvuvi tuliitwa hivyo sote, hata sisi wanawake.

Alinifundisha kuliandaa. Tulilisugua kwa chumvi, kamwe si kwa sabuni, maana sabuni huunguza matamvua ambayo samaki huvutia hewa. Maji ya bomba tuliyaacha siku mbili kwenye mapipa ili dawa iliyotiwa kuyasafisha iishe nguvu. Sponji ya kichujio tuliitoa kwenye tangi la zamani lenye samaki wazima, kwa kuwa ndani yake huishi vijidudu vinavyokula uchafu. Tukaweka pampu ya hewa, kipimajoto, kipande cha bomba cha samaki kujifichia, na wavu wa mkono ambao haukuruhusiwa kugusa maji mengine.

"Watu husema mgeni siku mbili, ya tatu mpe jembe," aliniambia. "Samaki mpe wiki tatu. Ugonjwa aliokuja nao utajionyesha."

Baada ya miaka michache nilihamishiwa milimani Vidunda. Huko mwalimu mstaafu wa shule ya misheni alikuwa amewaongoza majirani kuchimba bwawa kwa majembe. Perege wao walikuwa wamedumaa, hivyo majirani wakaomba wengine wa kuzalisha. Samaki hao wageni walipofika, nikawaweka karantini ya wiki tatu, kwenye tangi ofisini kwangu.

Siku ya tisa mwalimu alikuja. Kiongozi mmoja angetembelea bwawa Jumamosi, akaomba wale perege wawe wameshaingia. Nilimheshimu kama baba. Tena walikuwa wanakula vizuri, isipokuwa mmoja aliyekuwa akijisugua kwenye lile bomba. Nilimwona, nikajiambia anacheza. Nikawachota, nikawatia bwawani.

Kiongozi alikuja, akapiga picha, akaondoka. Wiki iliyofuata mapezi ya samaki yaliota vidoa vyeupe kama chembe za chumvi. Wakawa wanahema juu ya maji, kisha wakaanza kuelea ubavu. Nilipanda mlima. Nilimkuta mwalimu kwenye tuta la bwawa, akina mama wakizoa mizoga kwa vikapu.

"Shikamoo, mwalimu."

"Marahaba, mwanangu."

Nikamwambia yote, hata habari ya yule aliyejisugua.

"Mimi nilikuharakisha," alisema. "Lakini wewe ndiye uliyekuwa unajua. Siku nyingine ukijua, nikatalie."

Tulikausha bwawa, tukalinyunyizia chokaa ya kuua ugonjwa, tukaliacha lipigwe jua. Nikaleta perege wengine. Kila Jumapili baada ya ibada mwalimu alipita ofisini, akainama mbele ya kioo, akawatazama, akaenda zake bila kuuliza neno. Wiki tatu zilipotimia, tulishika ndoo pamoja, yeye upande mmoja na mimi upande wa pili, mpaka bwawani.

Kituo changu cha mwisho kilikuwa Mikumi. Meneja wa hoteli moja ya watalii alitaka samaki wapya waingizwe siku hiyohiyo katika tangi la mapokezi, kwa kuwa wageni walikuwa njiani. Nilimkatalia kwa adabu, mara mbili, akanuna. Katika wiki ya pili ya karantini wawili walikufa, waliobaki tukawatibu. Samaki wa zamani wa tangi la mapokezi waliendelea kuogelea kama kawaida. Hakunishukuru, na sikumlaumu. Kwake hakuna lililokuwa limetokea.

Sasa nimestaafu, nipo nyumbani Msowero. Vijana wa kazi hii hunipigia simu, wananitumia picha za mapezi na kuniuliza kama wanaweza kuwaachia samaki mapema kidogo. Nawauliza ni siku ya ngapi. Wakishajibu huwa tunacheka, maana jibu langu wanalijua. Tukimaliza kuongea nyumba huwa kimya tena, nami naikumbuka ile pampu ya hewa iliyonguruma mezani pangu mchana kutwa, na samaki waliopanda juu kila waliposikia mlango unafunguliwa.