Nyumba Moja kwa Bei ya Nyumba Tatu

Nilikuwa nimeshanunua mapazia. Hilo niliseme mapema, mtu asije akadhani nilikwenda benki nikiwa na akili zangu zote. Nyumba hatujalipia, karatasi hatujasaini, na mimi nina mapazia ya rangi ya maziwa ya sebule na vyumba vitatu, nimeyakunja juu ya kabati, na kila nikirudi kutoka shuleni lazima niyashike.

Tulikuwa tumepanga vyumba viwili Majengo, nyuma ya duka la vifaa vya ujenzi, mimi na mume wangu na watoto wetu wawili. Mwenye nyumba wetu hakuwa mtu mbaya, ila alikuwa na masikio. Bomba likifunguliwa anajua, pasi ikichomekwa anajua, na mwisho wa mwezi anakuja na bili ya umeme utafikiri sisi ndio tunaowasha taa za mji mzima. Nilichoka. Nilitaka kunyoosha nguo saa ninayotaka bila mtu kukohoa upande wa pili wa ukuta. Kwa hiyo niliposikia kuna nyumba inauzwa Chanji, imekamilika, bati jekundu, vigae sakafuni, choo ndani, nilikwenda kuiona, na nilipotoka nilikuwa nimeshagawa vyumba.

Bei milioni hamsini. Sisi tulikuwa na kumi, tulizozipata kwa kujinyima mpaka watoto wakaanza kuuliza kama nyama imepigwa marufuku. Arobaini zingetoka benki. Mimi ni mwalimu wa baiolojia, mume wangu yuko idara ya mifugo, na mishahara yetu inapitia benki hiyo hiyo. Binti wa dawati la mikopo, mpole, aliyeniita madam kwa heshima zote, alituambia riba ni asilimia kumi na tano na tunaruhusiwa kulipa hadi miaka ishirini. Rejesho la kila mwezi angelipigia hesabu akishaingiza taarifa za mishahara yetu, nipitie Jumatano nilichukue. Kusaini Ijumaa.

Mume wangu peke yake ndiye aliyekuwa anajikunakuna. Mtaa wa pili kutoka nyumba ile kulikuwa na pagale linauzwa: kuta zimefika kwenye lenta, halina bati, ndani nyasi zimefika kiunoni. Akasema tulifikirie. Nikamwambia akakae yeye na ng'ombe wa ukoo wake. Kwao ni wafugaji waliohamia huku kutoka Usukumani, na kwa mtu wa ng'ombe penye ukuta popote ni nyumba.

Hesabu yangu mimi ilikuwa tayari, na ilikuwa tamu ajabu. Mimi ni Mfipa wa kijijini, nimekulia kwenye mahindi na ulezi, na mkopo ninaoujua ni wa gunia. Kwetu mtu akiishiwa chakula wakati wa masika anakwenda kwa jirani anakopa gunia moja, madebe sita. Akivuna anarudisha madebe saba. Debe moja la juu ndilo asante. Mavuno yakiharibika, ukalipa mwaka unaofuata, debe la asante ni lile lile moja. Utasemwa kisimani, utakwepwa macho kanisani, lakini debe halizai.

Sasa niambie asilimia kumi na tano. Nikaona mbona benki wana huruma kuliko majirani zetu! Arobaini nikope, arobaini na sita nirudishe, tena kwa miaka ishirini. Nikagawanya kwenye simu: haifiki hata laki mbili kwa mwezi. Nilicheka peke yangu jikoni. Nilijiuliza watu wote wanaojenga chumba kimoja kimoja mpaka wanazeeka wana matatizo gani, kwa nini hawaendi benki.

Nikatangaza. Waliokuwa hawajasikia ni wale waliokuwa safarini tu. Katekista wa jumuiya yetu akakubali kuja Jumamosi kubariki nyumba. Mama, kule kijijini, akaloweka ulezi wa kimea kwa ajili ya pombe ya kuingilia nyumba, na pombe ya ulezi ukishaianza haina kurudi nyuma. Siku yake ya kuiva ikifika imefika, uwe una nyumba au huna.

Jumanne nilipanda kijijini kumsaidia kuni. Ilikuwa likizo ya Juni, baridi ya kwetu ile inayouma mpaka kwenye meno, na mimi sikuisikia. Tukiwa tunachochea moto nikamweleza mama mkopo kwa lugha yake: tunakopa magunia arobaini, tunarudisha arobaini na sita.

"Mkishavuna?" akauliza.

"Taratibu, mama. Mavuno ishirini."

Mama akaacha kuchochea akanitazama. "Mavuno ishirini! Halafu anachukua sita tu?"

"Sita tu."

"Huyo ni shemeji yako?" Akacheka mpaka akashika mbavu, akamwita jirani aje asikie kuna mtu mjini anagawa mahindi.

Mimi nilinuna. Lakini jioni, kwenye gari la kurudi mjini, kicheko chake kilikuwa bado kinanitekenya masikioni. Kweli, kijijini hakuna mtu aliyewahi kukopa gunia kwa mavuno ishirini. Hata mawili watu wanaona aibu. Debe moja la asante limekatwa kwa ajili ya msimu mmoja, na mimi nilikuwa nimelivuta kama mpira likatosha maisha ya mtu mzima.

Jumatano nikawa wa kwanza mlangoni. Yule binti akaniamkia, akabofyabofya, akasema rejesho letu ni laki tano na elfu ishirini na saba kwa mwezi.

Nikamwambia amekosea. Akasema hapana, madam. Nikamwambia arobaini na sita gawanya kwa miezi yote hiyo. Akanitazama kwa upole, ule upole wa mtu anayemwona mgonjwa hajajua ugonjwa wake. "Madam, kumi na tano ni ya kila mwaka. Kila mwaka, kwenye deni lililobaki."

Kila mwaka! Nilihisi joto likipanda shingoni, kwenye baridi ile. Basi debe linazaa. Nikamuuliza jumla yote mpaka mwisho ni ngapi. Akageuza skrini niione mwenyewe: milioni mia moja ishirini na sita na ushee. Arobaini nachukua, mia na ishirini na sita narudisha. Nyumba moja nakaa, tatu nalipa, na hizo nyingine mbili hata sijui ziko mtaa gani.

Ajabu ni kwamba sikukasirika. Ningepaswa kukasirika, najijua, mimi ni mtu wa kuwaka. Badala yake nilisisimka, kama siku ile chuoni nilipoona kwa mara ya kwanza tone la maji ya bwawani chini ya darubini: kumbe humu ndani mna viumbe! Nikavuta kiti mbele. Nikamwambia, tuseme nimelipa mwezi wa kwanza, laki tano na ishirini na saba zangu zimefika. Deni lenyewe linakuwa limepungua kiasi gani?

"Elfu ishirini na sita na kidogo, madam."

"Na nyingine zote?"

"Riba ya mwezi huo. Laki tano."

Elfu ishirini na sita! Kitasa cha mlango wa mbele ni bei zaidi ya hapo, na kitasa nilikuwa nimeshaulizia. Nikamwambia jaribu miaka kumi na mitano. Rejesho likapanda kwa elfu thelathini na tatu tu, na jumla ikashuka kwa milioni ishirini na tano. Nikapiga meza. "Elfu thelathini na tatu kwa mwezi zinafuta milioni ishirini na tano?" Jaribu kumi. Ikashuka tena, ikawa sabini na saba. Na nikikopa kidogo? Jaribu milioni kumi na mbili, miaka minne. Yule binti naye alikuwa amechangamka sasa, anabofya kabla sijamaliza kusema. Nyuma yangu foleni ilianza kuguna, mzee mmoja akauliza kama tunacheza bahati nasibu.

Milioni kumi na mbili kwa miaka minne: unarudisha kumi na sita. Nikaitazama hiyo namba kwa muda. Hiyo nilikuwa naielewa. Ilikuwa na ukubwa wa kitu ambacho mtu anakopa akijua atavuna.

"Lakini madam," binti akasema taratibu, "mishahara yenu inaruhusu hata ile ya arobaini. Mkitaka, Ijumaa mnasaini."

Hapo ndipo palipouma. Iliruhusu. Tungebana, tungekula maharage, na wiki ile ile ningechomeka pasi kwenye ukuta wangu. Nilitoka nje nikasimama juani nikawa naiona sebule ile yenye vigae, na macho yalinilowa, sifichi. Kinachouzwa pale ni muda, na muda ndicho kitu nilichokuwa nakinunua kwa wingi bila kuuliza bei, kwa sababu kwetu hatujawahi kuuuza.

Nikampigia mume wangu. "Lile pagale," nikasema.

Akasema, "Nije na ng'ombe?" Nilitukana kidogo, tukacheka, na mchana ule ule tulikuwa kwa mwenye pagale, muuza spea wa Majengo aliyeishiwa pumzi ya kujenga. Alitaka milioni kumi na nne. Alhamisi tukampa nusu kwenye ofisi ya mtaa mbele ya mashahidi, iliyobaki tukipata mkopo wetu mdogo, na akaturuhusu tuanze kusafisha.

Tukabaki na mapipa ya pombe, katekista, na wageni wasiopungua hamsini walioalikwa kuingia kwenye nyumba yenye vigae.

Ufipa pombe ya ulezi ina kazi mbili. Kuna ya sherehe, unakuja umependeza, unakunywa. Na kuna ya kazi: mwenye shamba anapika, majirani wanakuja na majembe, wanalima mpaka jasho liwatoke, ndipo wanakunywa, na hakuna anayedaiwa. Kila mtu anajua ameitwa kwa ipi. Kuchanganya hizi mbili hakuna mtu aliyewahi kuthubutu, na mama aliponiona Jumamosi asubuhi nimesimama mlangoni mwa pagale nimevaa gambuti, alielewa kabla sijafungua mdomo.

"Pombe ya sherehe unaifanya ya kazi?" akasema kwa Kifipa, kwa ile sauti aliyonigombezea utotoni. "Unataka watu waseme nimewalaghai?"

Wageni walikuwa wanafika, watoto wetu wakiwaelekeza kutoka kwenye nyumba ya vigae. Akina mama wa jumuiya na vitenge vyao vya sare, shangazi yangu na seti ya glasi imefungwa karatasi ya zawadi, wanaume na makoti. Wakatazama kuta, wakatazama mbingu palipotakiwa kuwa na bati. Nikapanda juu ya rundo la tofali nikawaambia ukweli wote, kwa sauti ya darasani: niliwaalika kwenye nyumba ambayo ningeilipia mara tatu, nimeiacha, hii hapa nitailipia mara moja na chenji kidogo, na nyasi ni hizo, na kifusi cha kujaza sakafu ni kile pale, na pombe iko tayari. Anayetaka kuondoka asiondoke na kinyongo.

Shangazi akaikumbatia seti yake ya glasi. Nilisikia aibu ikinitambaa mgongoni. Kisha mama akavua viatu vyake vya kanisani, akavipanga juu ya ukuta, akachukua jembe mkononi mwa mume wangu. "Basi msisimame kama nguzo," akawaambia. "Pombe inachacha."

Walilima ile nyumba! Siwezi kusema neno jingine. Nyasi zilitoka, kifusi kikaingia kwa ndoo, kwa karai, kwa kitenge cha mtu, wimbo wa kwaya ukageuka wimbo wa shamba. Katekista aliuliza abariki nini hasa, nikamwambia abariki kila kinachoonekana, akanyunyiza maji hadi kwenye mchwa. Shangazi alinisema mchana kutwa na kubeba ndoo mchana kutwa.

Nisidanganye kwamba kuanzia hapo mambo yalikuwa mteremko. Mkopo ulitoka, tukaezeka, tukahamia kabla ya mvua bila dari na bila vioo. Mapazia yangu ya maziwa niliyapigilia misumari madirishani kuzuia upepo, yakawa ya rangi ya barabara. Juni iliyofuata tulilala na masweta. Mama, ambaye alikuwa ameshahamia kwetu kutoka kijijini, alivaa kofia mbili. Ile nyumba ya vigae ilipata mnunuzi, naipita kila siku nikienda shule, na kuna asubuhi niliionea wivu wa wazi kabisa. Vioo tuliweka kimoja kimoja. Choo cha ndani kilikuja mwaka wa tatu.

Mwaka huu, mwishoni mwa mwezi mmoja, ujumbe wa mshahara uliingia nikiwa napepeta ulezi uani. Nikausoma. Nikausoma tena, nikadhani wamekosea. Hakikukatwa kitu cha mkopo. Miaka minne ilikuwa imeisha, na mimi kwa shughuli za kuweka vioo sikuwa hata nimeona mwisho unakuja.

Nikakaa chini palepale, mkono bado uko kwenye ungo, nikapiga ile hesabu nyingine, ya nyumba ya vigae. Kwa miaka hii minne ningekuwa nimeshalipa milioni ishirini na tano. Na deni la milioni arobaini lingekuwa limepungua kwa milioni moja na laki saba.

Nikapiga vigelegele peke yangu, kwa nguvu, mpaka kuku wakaruka na majirani wakachungulia. Mama akatoka ndani mbio, kofia upande.

"Nani anaolewa?"

"Hakuna anayeolewa, mama," nikamwambia, nacheka na kulia. "Nimeachika."