Saa tatu iliyonipa ukocha London, na rafiki niliyemwonea kijicho

Wakuu, habari za wikiendi. Miaka yote nimekaa humu nacheka visa vya wenzangu, leo zamu yangu. Nitasema kweli tupu, hata panaponiaibisha, na panaponiaibisha ni pengi.

Mimi Mtanzania, naishi Wembley, kazi yangu carer, kuhudumia wazee na wagonjwa. Nina mwili. Kilo sizitaji, mke wangu huwa anapita humu.

Kwa mwili huo nikajikuta American football. Sio soka wakuu, ni ile ya helmet na mpira mfano wa yai. Timu ya ridhaa, mshahara hakuna. Nikapangwa lineman.

Kwa wasiojua, linemen ni wale wanene watano wa mbele. Kazi yetu ni kumkinga quarterback, yule anayerusha mpira, asivunjwevunjwe na mabeki wa upande wa pili.

Ukifanya vizuri hakuna anayekuona. Ukikosea, uwanja mzima unajua namba ya jezi yako.

Nimecheza misimu sita. Msimu wa pili nikamleta rafiki yangu Otieno, Mkenya, nesi, anakaa Lewisham.

NILIMLETA MIMI. Kusimama nilimfundisha mimi, kuinama mimi, helmet yake ya kwanza ilikuwa ya kwangu. Akapangwa katikati, mimi kushoto kwake, bega kwa bega.

Sasa sikilizeni hapa, maana ndipo kisa kilipo.

Kabla mpira haujaanza, linemen lazima mwambiane adui anatokea upande gani. Ukisema "left", na adui naye anasikia. Nikabuni code: saa za Kiswahili.

Sisi tukisema saa tatu, mshale mdogo unakuwa kwenye tisa. Kushoto hiyo. Saa tisa mshale uko kwenye tatu, yaani kulia.

Mzungu hata aki-google ataambiwa tatu ni three, atawaza three o'clock, atageukia kulia. Kaingia mkenge mwenyewe. Tulitesa sana na kitu hicho.

Halafu goti langu likafa. Daktari akasema mpira basi. Sikulia, kwa sababu klabu ilikuwa inatafuta kocha wa linemen, na mimi nikajua cheo ni changu. Mke wangu nilishamwambia.

Wakampa Otieno. Awe anacheza huku anafundisha.

Mwenyekiti akaniambia, "Otieno is patient. You shout a lot, mate."

Mimi nashout? NASHOUT LINI?

Wakuu, wivu niliousikia siku ile sijawahi kuusikia hata kwa mwanamke. Otieno akaweka picha kwenye group ya WhatsApp, kavaa jacket imeandikwa COACH mgongoni. Watu wanamwaga emoji za makopa. Mimi nika-zoom kutafuta kasoro. Nikaona uzi umechomoza begani, nikafurahi. Mtu mzima mimi nafurahia uzi.

Binti yangu, Kiswahili anasikia ila anajibu Kiingereza, akaniuliza, "Daddy, if Uncle Otieno is the coach, what are you?"

Nikamwambia nenda kalale. Ilikuwa saa kumi jioni.

Kilichoniua kabisa ni code yangu. Nikienda kuangalia mazoezi nakuta Mpoland anapiga kelele "saa tisa!", Mnigeria anajibu "saa tisa!", na wote wanamwangalia Otieno kama kaileta yeye kutoka Kisumu. Roho ilikuwa inaniwaka. Nampa tano, namwambia hongera bro, huku tumboni natamani apoteze japo mechi moja.

Nikaipata.

Wiki ya nusu fainali Otieno akapangiwa shift ndefu hospitali. Akanipigia: "Maze, nisaidie. Kuna wasee wawili wapya kwa line, hawajashika mambo ya saa. Wafunze Alhamisi. Wewe ndiye mwenyewe."

Nikaenda. Vijana wawili wa Kiingereza, wazito, wana adabu. Mmoja kashika simu, kajifunza namba zote mpaka kumi. Akaniambia kwa fahari, "So tatu is three. Saa tatu, three o'clock, right side. Yeah?"

Wakuu, nilikuwa na sekunde kama mbili. Nilijua kabisa. Ile code niliitunga mimi.

Nikasema, "You guys are fine."

Nikageuka kuangalia saa ya mkononi, eti nawahi treni.

Jumapili, mechi imefika mwishoni, tunaongoza. Otieno kaona beki anajongea upande wa kushoto. Akaita kwa sauti, "Saa tatu! Saa tatu!"

Wale vijana wawili wapya, waliopangwa kushoto kwake, wakaruka kulia.

Kushoto pakabaki mlango wazi. Quarterback wetu hakumuona aliyempiga. Mpira ukamtoka, wakaokota, wakafunga, tukatolewa. Yeye akabaki chini, mfupa wa bega umevunjika. Nilikuwa pembeni na kikombe cha chai, nikakimwaga chote kwenye kiatu.

Tukaingia chumba cha kubadilishia nguo. Yule kijana wa simu akaanza, "But we were told..."

Kabla hajamaliza Otieno akasimama. Akasema wachezaji wa line ni jukumu lake, hakuwafundisha mwenyewe, kosa ni lake na asilaumiwe mwingine.

Mnajua niliwaza nini? Nilimwonea wivu hata hapo. Kwamba yeye anaweza kulitamka neno "kosa langu" kwa jambo ambalo si lake, na mimi la kwangu nimelificha.

Nje akaniuliza, "Alhamisi waliuliza kitu?"

Nikasema, "Hapana."

Akaniangalia kidogo. Akasema sawa.

Wiki iliyofuata akaachia ukocha. Akaja mpaka kwangu na filimbi, akaninyooshea. "Kaka, hii ilikuwa yako kutoka mwanzo. Mimi nilikushikia tu."

Nikaipokea. Ndiyo, niliipokea.

Huu ni msimu wangu wa pili nafundisha. Wananiita Coach Saa. Jacket ninayo, haina uzi uliochomoza. Otieno bado anacheza katikati, na akija mchezaji mpya humleta kwangu na kumwambia, "Huyu ndiye alinifunza kila kitu." Kila wakiita saa tatu, naangalia chini.

Wahenga walisema kikulacho ki nguoni mwako. Nilidhani ninayemuogopa ni Otieno. Kumbe mdudu nilikuwa mimi, kwenye nguo za mwenzangu.

Nilichojifunza: wivu haukulazimishi utende baya. Unakuomba unyamaze tu, tena sekunde mbili.

Sasa nishaurini. Nimwambie, au niache yaliyopita yapite? Matusi ruksa, nimeyastahili.

Ila comment mapema wakuu. Kesho Jumapili ananipitia na gari saa tatu asubuhi, na huwa anakuja na chupa ya chai na vikombe viwili.