Neno moja la barua ya msiba lamkosesha Mariana nafasi ya kwanza

Saa mbili asubuhi, Kawajense, mjini Mpanda. Saluni ina mabenchi mawili na kioo chenye ufa, na tayari imejaa, wengi wamekuja kupiga soga tu. Mariana Ndaki (28) amesimama nyuma ya mteja, kitana mdomoni, vidole vinakimbia. Anasuka twende kilioni, ule msuko wa haraka wa mtu anayewahi msiba.

"Taratibu basi, mwalimu! Kichwa changu si mtihani," analalamika mteja, Donatille.

"Tulia wewe. Ungekuwa mtihani ningeshamaliza."

Benchi zima linacheka. Hapa wote wanamwita mwalimu, wengine kwa heshima, wengine kwa kumchokoza. Kesi yake wanaijua kuliko mambo ya majirani zao, na kwa Kawajense hilo si jambo dogo.

Miaka minne iliyopita Mariana alikuwa mwaka wa mwisho wa ualimu, katika chuo kikuu kimoja mbali na Katavi. Chuoni hapo anayeongoza darasa hubakizwa kufundisha. Nafasi ni moja tu. Siku mbili kabla ya mtihani wa mwisho, simu ikapigwa kutoka kijijini kwao, Litapunga: baba yake amefariki.

Akiwa stendi, juu ya karatasi ya daftari, alimwandikia mkuu wa idara: "Naenda kumzika baba. Nitaurudia mtihani nikitoka msibani."

"Nilimaanisha nitarudi kuufanya," anasema. "Nyumbani ndivyo tunavyosema. Ukisahau jembe shambani, unalirudia. Huendi kulima upya!"

Chuo kilisoma vingine. Wiki sita baadaye alipewa mtihani ule, ambao hakuwa ameugusa kabla, akaufaulu. Lakini kwenye matokeo uliandikwa "marudio", na kwa kanuni za chuo aliyerudia mtihani hawezi kupangwa wa kwanza. Wastani wake ulikuwa 4.6. Aliyetangazwa wa kwanza na kubakizwa kufundisha, Eustace, alikuwa na 4.4.

Mariana akaenda mahakamani. Chuo kilileta ushahidi mmoja: ile karatasi ya daftari.

"Wakili wao aliisoma kwa sauti. Lile neno alilitaja mara tatu. Nilitamani ardhi inimeze."

Akashindwa. Jaji alisema kupanga wanafunzi ni kazi ya wanataaluma, mahakama haiwezi kuwasahihishia. Amekata rufaa, na huu ni mwaka wa pili tarehe zinasogezwa. Maombi ya ajira ya ualimu ametuma mara tano, kimya. Siku nzuri anasuka vichwa vitatu.

Eustace aliwahi kumpigia. "Akaniambia, 'Dada, wa kwanza ni wewe, mimi najua.' Nikamwambia andika hivyo, niipeleke mahakamani. Akakata simu. Ana familia, simlaumu." Anachana nywele kidogo. "Namlaumu kidogo."

Kwenye kona, mama yake, Skolastika, anachambua rasta bila kuinua macho. Ndiye aliyepiga simu ile ya msiba.

"Ningenyamaza siku tatu tu," anasema. "Marehemu asingekasirika. Yeye ndiye aliyeuza ng'ombe huyu mtoto asome."

"Mama, acha."

"Siachi. Nilipiga mimi."

Donatille anajitazama kwenye kioo, analipa, anatoka kuwahi msiba wake. Dakika haijapita, kichwa chake kinachungulia mlangoni.

"Samahani jamani, nimerudia mwavuli wangu."

Saluni nzima inageuka kumtazama Mariana. Anauchukua mwavuli nyuma ya mlango, lakini hampi.

"Umeurudia mara ya ngapi?"

"Mara ya ngapi vipi? Si ndiyo nimeusahau sasa hivi!"

"Mnamsikia?" Mariana anawauliza walioketi. "Huyu ndiye shahidi niliyemkosa siku ile mahakamani."

Rufaa imepangwa kusikilizwa Agosti. Wakili amemwonya asitegemee sana. Hata akishinda, kiti kina mwenyewe tayari. Mariana anasema atakwenda, na mama yake atakwenda naye.

"Kuna kitu changu nimekiacha kule," anasema, akimwita mteja anayefuata. "Nitakirudia."